Namna ya Kuitazama Filamu ya Kihindi ya Polisi Asiyenunulika

Watu wengi huitazama filamu ya Kihindi ya polisi mwadilifu kwa ajili ya ngumi. Magari yanapinduka, wahuni wanarushwa hewani kama magunia matupu, na steringi anapiga hatua za polepole huku muziki ukimwandama. Sioni ubaya wowote katika kuzifurahia ngumi hizo, kwa kuwa zimetengenezwa kwa ustadi na jasho jingi. Lakini mtazamaji anayeishia hapo huwa ameona nusu tu ya filamu. Nusu ya pili imo katika karatasi: daftari la kituo, saini ya dhamana, barua ya uhamisho, na shtaka ambalo askari wa zamu anakataa kuliandika. Mwongozo huu unaeleza namna ya kuifuata karatasi hiyo tangu filamu inapoanza mpaka risasi ya mwisho, kwa sababu ndiyo inayotuonyesha ni nani anayeitawala nchi ndani ya filamu na ni kwa njia gani.

Tega sikio kabla ya kusoma manukuu

Anayezungumza Kiswahili anaingia katika filamu hizi akiwa na mtaji ambao watazamaji wengine hawana. Kihindi na Kiswahili vyote viwili vimekopa maneno ya sheria na maadili kutoka Kiarabu, na Kihindi kiliyapata mengi kupitia Kiajemi, kwa hiyo mabishano ya kituoni na mahakamani yamejaa maneno ambayo sikio lako linayafahamu tayari. Rushwa wao huiita *rishwat*. Sheria ni *kanoon*, ndugu wa kanuni yetu. Mwanasheria ni *vakil*. Amri ni *hukum*. Na mahakama ni *adalat*, neno lililotoka katika shina lile lile lililotupa adili na uadilifu. Haki inayotafutwa na mjane wa askari aliyeuawa huitwa *insaaf*, neno ambalo wasomaji wa tenzi za zamani wanalitambua kama insafu.

La kuzingatia zaidi kuliko yote ni *imaandar*. Manukuu hulifasiri kama "mwaminifu" na kusonga mbele, ilhali ndani yake mna imani yenyewe: *imaandar* ni mtu aliyebeba imani, na kinyume chake, *beimaan*, ni aliyeipoteza. Mzee anapomtazama afisa kijana na kumwita *imaandar*, anamsifu kwa jambo zito zaidi ya kutokula rushwa. Nimeona mara nyingi kwamba mandhari inayoonekana baridi katika manukuu hupata moto mara unapoyapokea maneno hayo kwa sikio.

Yako pia maneno machache ambayo yafaa kujifunza upya. *Thana* ni kituo cha polisi, *vardi* ni sare, *neta* ni mwanasiasa, *mantri* ni waziri, na *lathi* ni fimbo ndefu ya polisi. *Hafta* maana yake halisi ni wiki, lakini mtaani ni fedha ambayo mwenye duka humlipa mhuni au askari kila wiki ili aachwe kwa amani. Muuza matunda akisema kwamba *hafta* imepanda, ujue kwamba filamu imekwisha kukueleza jinsi mtaa mzima unavyoendeshwa.

Soma bega la afisa

Polisi wa India wana ngazi zilizopangwa kwa makini, na filamu nyingi huzitumia bila kuzifafanua kwa sababu mtazamaji wa kule anazijua. Tazama mabega. Inspekta huvaa nyota tatu na utepe wa rangi nyekundu na buluu. Aliye chini yake kwa ngazi moja huvaa nyota mbili pamoja na utepe huo huo. Kuanzia ngazi ya msaidizi wa mrakibu kwenda juu, utepe hutoweka. Mrakibu wa Polisi, ambaye huitwa SP na ambaye ndiye mkuu wa polisi wa wilaya nzima, huvaa nembo ya simba wa Ashoka na nyota moja. Katika majiji makubwa kama Mumbai, yanayoongozwa na kamishna, cheo kinacholingana na hicho huitwa DCP, na aliye chini yake huitwa ACP.

Tofauti hii hubeba hadithi nzima. Konstebo na inspekta huajiriwa na serikali ya jimbo, na mara nyingi filamu humchora inspekta kama mtoto wa kijiji au wa mtaa, anayejua majina ya watu na madeni yao. SP kijana, kwa upande mwingine, kwa kawaida huwa ametoka katika huduma ya taifa iitwayo IPS, ambayo waombaji wake hupita mtihani mgumu wa nchi nzima na kisha hufunzwa katika chuo cha polisi cha taifa kilichoko Hyderabad. Huyu huteremka wilayani akiwa na kiapo na vitabu, bila kumjua mtu yeyote, na hulazimika kuwategemea wasaidizi ambao baadhi yao wamekuwa wakilipwa na tajiri wa eneo hilo kwa miaka. Kwa hiyo, kabla hujasema kwamba afisa ni mjinga kwa kutomgundua msaliti aliye karibu naye, angalia bega lake na ujiulize ametokea wapi.

Angalia pia waziri. Watazamaji wengi huchanganyikiwa wanapomwona Waziri wa Mambo ya Ndani akihangaika na kesi ya mji mdogo. Katiba ya India imeiweka polisi katika orodha ya mambo ya majimbo, hivyo kila jimbo lina wizara yake ya mambo ya ndani na polisi wake. *Mantri* huyo anayepokea simu za majambazi kwa kawaida ni wa jimbo, na kura zake zinatoka katika mitaa ile ile anayoilinda.

Fuata daftari

Sasa tunafika mahali ambapo ningependa mtazamaji apunguze mwendo. Katika nusu saa ya kwanza ya filamu nyingi za aina hii, maskini mmoja huingia kituoni kueleza dhuluma aliyotendewa, na askari wa zamu hukataa kuandika. Anachokataa kukiandika ni Taarifa ya Kwanza, ambayo India nzima huiita kwa herufi zake tatu, FIR. Chini ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1973, na hata chini ya sheria iliyochukua nafasi yake tarehe 1 Julai 2024, taarifa ya kosa kubwa inapaswa kuandikwa, mtoa taarifa asomewe, aitie saini, na apewe nakala bila malipo. Mahakama ya Juu ya India ilisisitiza mwaka 2013, katika kesi ya Lalita Kumari, kwamba polisi hawana hiari ya kukataa pale taarifa inapoonyesha kosa la aina hiyo. Pasipo FIR, upelelezi wa kawaida wa kosa hilo hauanzi. Ndiyo maana mandhari ya kwanza ya ushujaa wa afisa mwadilifu huwa ni ya kuketi, kuvuta daftari, na kusema "andika".

Vifungu vingine viwili vinasaidia kuelewa mwendo wa visa. Katiba, katika ibara ya 22, inataka mtu aliyekamatwa afikishwe mbele ya hakimu ndani ya saa 24, na kutokana na hilo huzaliwa zile pilikapilika za usiku ambapo wakili wa jambazi anakimbizana na saa. Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1872 nayo ilikataa ungamo lililotolewa kwa polisi kutumiwa dhidi ya mshtakiwa, na kanuni hiyo imeendelea hadi leo. Kipigo cha mahabusu, hata kikimfanya jambazi aseme yote, hakitoshi kumfunga. Shingo ya kesi ni shahidi. Ukilishika hili, hutashangaa tena kwa nini mwandishi wa filamu humwua shahidi mara tu unapoanza kumpenda.

Mfano bora wa nguvu ya karatasi ni filamu ya mwaka 2011 iitwayo Singham, iliyoongozwa na Rohit Shetty na ambayo chimbuko lake ni filamu ya Kitamil ya mwaka 2010, Singam. Watu huikumbuka kwa Ajay Devgn anayenguruma kama simba. Lakini kumbuka ugomvi unavyoanza: tajiri Jaikant Shikre yuko nje kwa dhamana, na sharti la dhamana hiyo ni kufika katika kituo kidogo cha Shivgarh kutia saini. Yeye anawatuma watu wake. Inspekta Bajirao Singham anakataa, na anamtaka mwenye dhamana aje kwa miguu yake mwenyewe. Vita vyote vinavyofuata, pamoja na kila gari linaloruka, vinatokana na saini moja kwenye kitabu cha kijijini. Prakash Raj alimcheza adui katika filamu zote mbili, ya Kitamil na ya Kihindi, na inafaa kumtazama usoni katika tukio hilo, kwa kuwa uchungu wake unatokana na kulazimishwa kusimama mbele ya meza kama raia mwingine yeyote.

Uhamisho ndio silaha

Mgeni katika filamu hizi hungoja jambazi amvamie afisa kwa panga. Mzoefu hungoja barua. Adui wa Singham hamwui baada ya aibu ile ya kituoni. Anatumia wanasiasa wake kumhamishia Goa, ndani ya himaya yake, na afisa anafungasha mizigo bila kujua nani aliyemwita. Tukio hilo halikubuniwa kwa ajili ya msisimko tu. Ibara ya 311 ya Katiba inamlinda mtumishi wa umma asifukuzwe bila uchunguzi, na hivyo *neta* anayetaka kumwondoa polisi msumbufu hubakiwa na njia mbili za haraka, yaani kumhamisha au kumsimamisha kazi kwa muda. Uhamisho hauhitaji kosa. Unahitaji saini tu, na unaweza kuelezwa kama jambo la kawaida la utumishi.

Mzizi wake ni mrefu. Sheria ya Polisi ya mwaka 1861 ilitungwa na watawala Waingereza baada ya maasi ya mwaka 1857, na lengo lake lilikuwa jeshi la polisi linaloitii serikali kuliko linavyowajibika kwa raia. India huru iliirithi. Mwaka 1996 Prakash Singh, afisa aliyekuwa amefika kilele cha utumishi wa polisi kabla ya kustaafu, alifungua shauri Mahakama ya Juu, na tarehe 22 Septemba 2006 mahakama hiyo ilitoa maagizo saba. Miongoni mwake ni kwamba maafisa wanaoongoza vituo na wilaya wakae katika nafasi zao kwa angalau miaka miwili, na kwamba iundwe bodi ya maafisa wenyewe ya kuamua uhamisho. Majimbo yamekuwa mazito kuyatekeleza maagizo hayo. Mtazamaji anayeijua historia hii huliona begi la nguo la afisa, lile linalofungwa na mke au mama yake huku muziki ukishuka, kwa macho tofauti kabisa. Ni mzigo ambao watu wa kweli wameufunga mara nyingi mno.

Kwa hiyo fanya hivi: kila barua inapofika, simamisha filamu ujiulize nani ameiandika, nani ameiomba, na kesi gani ilikuwa wazi mezani siku hiyo. Angalia pia wakati wake. Filamu za Kihindi hukatwa katikati kwa mapumziko, na waandishi hupenda kuliweka pigo kubwa pale pale kabla ya taa kuwashwa, ili mtazamaji atoke nje akiwa na dukuduku moyoni. Pigo hilo mara nyingi ni uhamisho, kusimamishwa kazi, au fedha iliyofichwa nyumbani kwa afisa ili yeye mwenyewe aonekane mla rushwa. Hila hiyo ya mwisho ina umri mkubwa. Katika Zanjeer ya mwaka 1973, iliyoandikwa na Salim Khan na Javed Akhtar na kuongozwa na Prakash Mehra, inspekta Vijay Khanna anabambikiwa kesi ya rushwa na kufungwa jela. Amitabh Bachchan alikuwa bado hajawa nyota, na hasira ile ya kimya aliyoibeba katika filamu hiyo ilimpa jina la kijana mwenye hasira, jina lililomfuata kwa miaka mingi.

Hesabu za fedha

Hapa maelezo ni machache. Laki ya Kihindi ni laki yetu, elfu 100. *Crore* ni laki 100, yaani milioni 10. Adui anapotaja *crore* tano mbele ya inspekta anayeishi katika nyumba ya serikali, fanya hesabu haraka ili uuhisi uzito wa kukataa kwake. Ukiona mafungu ya noti za rupia 1,000, basi kisa kinatokea kabla ya tarehe 8 Novemba 2016, siku ambayo serikali ilitangaza kuzifuta noti hizo pamoja na za 500 za zamani, kwa hoja mojawapo ya kupambana na fedha chafu. Na usipitwe na sura ya Mahatma Gandhi: imo kwenye noti zinazosukumwa chini ya meza, na mara nyingi imo pia katika picha iliyotundikwa ukutani juu ya meza hiyo hiyo. Waongozaji huziweka mbili hizo katika fremu moja kwa makusudi.

Simama kwenye risasi ya mwisho

Hili ndilo jambo ninalolijali kuliko yote, na naomba msomaji anivumilie. Filamu nyingi za polisi mwadilifu humalizika kwa kumwua adui nje ya mahakama. India ina neno la kitendo hicho, *encounter*, wao hulitamka hivyo hivyo kwa Kiingereza, likimaanisha mapambano ambamo mtuhumiwa huuawa na polisi, na mara nyingi maelezo rasmi husema kwamba alijaribu kukimbia au alifyatua risasi kwanza. Katika Singham, maafisa wanamwua adui ndani ya kituo, kisha umma unaambiwa kisa kingine. Katika Shool ya mwaka 1999, inspekta aliyechezwa na Manoj Bajpayee anamwua mwanasiasa ndani ya bunge la jimbo. Ukumbi hushangilia, na ninaelewa kwa nini: kwa saa mbili tumeonyeshwa daftari lililofungwa, shahidi aliyeuawa na hakimu anayetazama saa yake. Filamu imezifunga njia zote kwa makusudi ili risasi ibaki peke yake.

Kazi ya mtazamaji makini ni kuangalia jinsi njia hizo zilivyofungwa. Je, hakimu alipewa ushahidi akaukataa, au mwandishi hakumpeleka afisa mahakamani hata mara moja? Je, kuna mwandishi wa habari, wakili au raia aliyeweza kufanya jambo, akasahauliwa? Na afisa anapopewa nishani baada ya mauaji, kumbuka kwamba mwaka 2014 Mahakama ya Juu ilitoa maelekezo 16 kuhusu vifo vya aina hii: FIR iandikwe, upelelezi ufanywe na watu wasio wa kituo kile kile, hakimu achunguze, na pasiwepo nishani wala upandishaji cheo wa papo kwa papo.

Sinema yenyewe imewahi kulikabili swali hilo. Gangaajal ya mwaka 2003, ya Prakash Jha, ilichota kutoka mambo yaliyotokea Bhagalpur katika jimbo la Bihar mnamo miaka ya 1979 na 1980, ambapo polisi waliwapofusha watuhumiwa wapatao 30, wengi wao kwa kuwatia tindikali machoni, na kulikuwa na wakazi waliowatetea polisi hao. Katika filamu, wananchi wanashangilia, na SP Amit Kumar, ambaye ni mwadilifu kweli, analazimika kusimama kati ya umma unaomwabudu na sheria aliyoiapia. Jha hakumpa njia rahisi ya kupita. Kesi ya kweli ya Bhagalpur ilipofika Mahakama ya Juu mwaka 1981, ilithibitisha haki ya mshtakiwa maskini kupewa wakili kwa gharama ya serikali. Watu waliopofushwa walikuwa wamewekwa rumande bila ya mtu wa kuwasemea.

Mpangilio wa kutazama

Anayeanza na aanze na Singham, aifurahie bila kujizuia, kisha arudi nyuma aitazame upya mandhari ya saini. Baada yake Zanjeer, ili aone hasira hiyo ilikotoka na jinsi inspekta anavyolipiga teke kiti kabla Sher Khan, aliyechezwa na Pran, hajaketi. Anayetaka kumwona afisa mwanamke atafute Karthavyam ya Kitelugu ya mwaka 1990, iliyompa Vijayashanti tuzo ya taifa na iliyochochewa na maisha ya Kiran Bedi, mwanamke wa kwanza kuingia IPS mwaka 1972. Kisha Gangaajal, atakapokuwa tayari kusumbuliwa moyo.

Ardh Satya ya mwaka 1983, kazi ya Govind Nihalani, iwe ya mwisho. Jina lake maana yake ni nusu ya ukweli, na limetoka katika shairi linalosomwa ndani ya filamu. Hakuna magari yanayoruka. Om Puri anamcheza Anant Velankar, afisa wa ngazi iliyo chini ya inspekta, mwana wa konstebo mkali aliyekuwa akimpiga mkewe, ambaye anazuiwa kila mara kumshika bwana wa wahuni aitwaye Rama Shetty. Hasira isiyopata mlango inamgeukia mwizi mdogo katika mahabusu, na mwizi huyo anakufa mikononi mwa afisa tuliyekuwa tukimpenda. Ili kujiokoa, Velankar anakwenda kwa Rama Shetty, ambaye sasa anagombea kiti katika uchaguzi wa jiji. Shetty yuko tayari kumsaidia, mradi awe mtu wake. Velankar anamnyonga. Kisha anatoka, anarudi kituoni kwake na kumweleza mkubwa wake alilolitenda.